Thumuni ya Reale, Nusu ya Shilingi

Sarafu ya senti 50 iliyotolewa Afrika Mashariki mwaka 1921 ilibeba thamani yake mara mbili kwa maandishi ya Kiingereza: senti hamsini, nusu shilingi. Aliyejua kuyasoma asingeweza kukosea. Lakini sokoni, kuanzia Mombasa hadi Dar es Salaam, watu waliiita thumuni, na jina hilo likapanda hadi Kenya bara, ambako wazee bado wanaikumbuka sumuni. Thumuni ni sehemu moja ya nane. Nusu ya shilingi ikaitwa moja ya nane, na hakuna muuza samaki aliyepunjwa.

Jibu liko kwenye kizima. Thumuni hiyo haikuwa ya shilingi bali ya reale, ile sarafu kubwa ya fedha yenye kichwa cha Maria Theresa na mwaka 1780, iliyozunguka bandari za Bahari ya Hindi kwa vizazi kadhaa. Reale moja ilibadilishwa kwa rupia mbili na kidogo. Mwaka 1920 Waingereza walipoifunga rupia ya Afrika Mashariki kwenye shilingi mbili, reale ikawa, kwa hesabu ya kichwani, kama shilingi nne. Thumuni ya shilingi nne ni senti hamsini. Kiasi kile kile cha fedha, basi, kilikuwa moja ya nane ya reale, robo ya rupia na nusu ya shilingi, na mama aliyekwenda sokoni na kikapu chake aliyabeba mafungu hayo matatu kichwani bila kuandika hata tarakimu moja.

Ufundi huo unastahili heshima kubwa kuliko unayopewa. Vitabu vya Hisabati vya shule ya msingi huanza sura ya sehemu kwa mstatili uliotiwa rangi, kisha huingia kwenye kiasi na asili, kisha desimali, kana kwamba mambo haya yalishuka pamoja na chaki. Pwani ya Afrika Mashariki ilikuwa hodari wa sehemu muda mrefu kabla ya desimali kufika. Na desimali yenyewe, ilipofika, haikupitia darasani. Ilipitia mifukoni.

Hesabu za zamani za pwani zilisimama juu ya tendo moja: kukata nusu. Askofu Edward Steere wa Unguja, aliyechapisha kitabu chake cha sarufi na msamiati wa Kiswahili mwaka 1870, aliviorodhesha vipimo alivyovikuta vikitumika. Vibaba viwili hufanya kisaga, visaga viwili hufanya pishi. Kwenye nguo, shibiri mbili ni mkono mmoja, mikono miwili ni wari, wari mbili ni shuka, shuka mbili ni doti. Doti moja, kwa hiyo, ni shibiri 16. Ratli ilikuwa na wakia 16. Rupia ya India ilikuwa na anna 16, na kila anna pesa 4, jumla pesa 64. Namba hizi zote, 4, 8, 16, 64, zinapatikana kwa kuzidisha mbili kwa mbili tena na tena. Frasila peke yake ilikwenda njia nyingine, kwa mane zake 12 na uzito wake wa ratli 35 hivi, maana hiyo ilikuwa mizani ya karafuu na pembe za ndovu.

Mfumo wa kukata nusu unamfaa mtu asiye na kalamu. Muuza kitambaa cha merikani hukunja doti katikati akapata shuka, akakunja tena akapata wari. Muuza mtama hujaza kisaga, kisha hukigawa kwenye vibaba viwili na kuutazama usawa wake kwa macho. Hakuna namna nyepesi kama hiyo ya kukata kitu vipande kumi. Jaribu kukunja kanga iwe vipande kumi sawa sawa bila rula.

Watu wa pwani pia hawakuona haja ya kuhesabu sehemu kwa kupanda tu. Walishuka kutoka kwenye kizima. Robo tatu ya reale ilikuwa reale kasa robo, yaani reale iliyopungua robo, na ndiyo kasorobo inayosikika mpaka leo kila mtu anapotaja saa. Ni njia ya haraka kuliko kujumlisha robo tatu moja moja. Katika maduka ya Wahindi wa Unguja na Mombasa, watoto waliosoma kwa Kigujarati walikariri majedwali ya kuzidisha kwa robo, kwa nusu, kwa robo tatu, kwa moja na robo na kwa moja na nusu, sawa na watoto wengine wanavyokariri jedwali la saba. Mtoto wa namna hiyo ukimuuliza bei ya ratli kumi na mbili kwa anna moja na robo kila ratli, alikujibu anna 15 kabla hujamaliza kuuliza.

Sehemu ya kumi haikuwa ngeni kabisa. Ilijulikana msikitini. Zaka ya mazao yaliyonyeshewa na mvua ni ushuri, moja ya kumi. Ya mazao yaliyomwagiliwa kwa jasho ni nusu ya ushuri. Na ya fedha na bidhaa za biashara ni robo ya ushuri, yaani moja ya arobaini. Mfanyabiashara wa Lamu alipotoa reale moja katika kila arobaini, alikuwa akitoa kile ambacho kitabu cha leo kingekiandika 0.025. Hata hapo, angalia, kumi imekatwa nusu mara mbili. Vivyo hivyo ushuru wa asilimia 5 ambao Seyyid Said, mtawala wa Oman na Unguja, alikubaliana na Wamarekani katika mkataba wa mwaka 1833 ulikuwa nusu ya ushuri.

Na hapa kuna jambo linalofurahisha katika historia ya hisabati nzima. Desimali za kale kuliko zote zinazojulikana katika vitabu vya Kiarabu zilizaliwa kutokana na kukata nusu. Mwaka 952 huko Damascus, mtaalamu aliyeitwa Abu al-Hasan al-Uqlidisi aliandika kitabu juu ya hesabu za Kihindi, zile tarakimu ambazo dunia yote inazitumia sasa. Humo alichukua 19 akaikata nusu mara tano mfululizo. Nusu ya 19 ni 9 na nusu. Badala ya kuandika neno nusu, aliweka 5 mbele ya 9, katika nafasi inayofuata mamoja, na juu ya tarakimu ya mamoja akatia alama ndogo ili msomaji ajue kizima kinaishia wapi. Akaendelea: 4.75, kisha 2.375, kisha 1.1875, kisha 0.59375.

Wazo hilo lina uzito kuliko linavyoonekana. Kila nafasi ni mara kumi ya ile iliyo upande wake wa kulia. Hilo watu walishalijua kwa mamoja, makumi na mamia. Al-Uqlidisi aliona kwamba hakuna sababu ya kusimama kwenye mamoja. Kanuni ile ile inaweza kuvuka alama na kushuka upande wa pili, kwenye sehemu za kumi, za mia, za elfu. Ndiyo maana nusu ya moja ni 5: ni tano kati ya kumi za nafasi inayofuata. Jamshid al-Kashi wa Samarkand aliikamilisha njia hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1427, na mwaka 1585 Simon Stevin, mzaliwa wa Bruges, akaitangaza Ulaya kwa kijitabu kifupi alichokichapa Leiden. Stevin alitaka zaidi ya hesabu za wataalamu. Alizihimiza serikali zigawe fedha, vipimo na mizani kwa kumi kumi.

Pwani ya Waswahili ilifikiwa na wito huo zaidi ya miaka 300 baadaye, na haikuulizwa maoni yake.

Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki ilianza kutoa rupia zake mwaka 1890, na kwa shaba ilitoa pesa, 64 kwa rupia kama India. Mwaka 1904 serikali ya kikoloni ikaichukua kazi hiyo mikononi mwake na kuamuru kwamba rupia iwe na hela 100. Waingereza wakafuata upande wao. Kuanzia mwaka 1906 na 1907, Himaya ya Afrika Mashariki na Uganda ikapata senti, 100 kwa rupia, nyingine zenye tundu katikati. Senti moja ya kwanza ilikuwa ya alumini, nyepesi kama jani, na madini hayo yalishindwa na hali ya hewa, hivyo mwaka 1909 ikabadilishwa. Unguja, chini ya Sultani Ali bin Hamud, ikatoa senti zake mwaka 1908: moja, kumi na ishirini. Katika miaka minne tu, pwani nzima kutoka Lamu hadi Mtwara ilihama kutoka 64 kwenda 100.

Wanahistoria wa fedha huyapita mabadiliko haya kwa sentensi moja. Kwa mtu wa sokoni yalikuwa mtihani. Gawanya 100 kwa 64, utapata 1.5625. Hiyo ndiyo iliyokuwa thamani ya pesa moja kwa hela. Kitu kilichouzwa pesa moja, fungu la mchicha au embe mbili, sasa kiuzwe hela ngapi? Moja ni hasara kwa muuzaji, mbili ni hasara kwa mnunuzi. Wajerumani walitoa sarafu ya nusu hela, na kwa hiyo hela moja na nusu iliwezekana, karibu sana na bei ya kweli. Anna moja ilikuwa hela sita na robo. Nusu rupia ilikuwa 50 na robo rupia 25, hizo hazikumsumbua mtu. Thumuni ya rupia ndiyo iliyoumia. Pesa 8 kamili za zamani zikawa hela 12 na nusu.

Hapo ndipo desimali ilipoonyesha tabia yake. Nane haigawi mia bila baki. Inagawa elfu, ndiyo maana moja ya nane inahitaji nafasi tatu baada ya nukta: 0.125. Mfumo wa senti una nafasi mbili tu, sehemu za kumi na sehemu za mia, na kwa hiyo hauna mahali pa kuiweka. Upande wa pili, mfumo wa senti ulileta vipande ambavyo kukata nusu hakukuwahi kuvizaa. Senti 20 za Unguja ni moja ya tano ya rupia. Kwa fedha ya zamani zingekuwa pesa 12.8, kiasi ambacho hakuna mkono ungeweza kukihesabu. Senti 10, moja ya kumi, zingekuwa pesa 6.4. Kwa mara ya kwanza, sehemu ya kumi na sehemu ya tano zikawa vitu vya kushikwa, vya kutungwa kwenye uzi, vya kununulia kiberiti. Mtoto aliyetumwa dukani na sarafu tano za senti kumi akarudi na kitu cha nusu rupia alikuwa amejifunza kwamba 0.1 mara tano ni 0.5.

Kisha kizima chenyewe kikahama tena. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, bei ya fedha ilipanda duniani na rupia ikayumba. Mwaka 1920 ikabadilishwa kuwa florini, yenye thamani ya shilingi mbili za Kiingereza na senti 100. Florini haikukaa. Muda mfupi baadaye ikaja shilingi ya Afrika Mashariki, nayo ikapewa senti 100. Neno senti halikubadilika, wala mia haikubadilika, lakini senti ya shilingi ilikuwa nusu ya senti ya rupia. Senti 10 za jana zililingana na senti 20 za leo. Aliyekuwa ameweka akiba ya sarafu za tundu ndani ya kibuyu alikuwa na haki ya kuuliza mia ipi inayohesabiwa. Hakuna mfano mzuri kuliko huu wa kumfundishia mwanafunzi kwamba sehemu ya mia peke yake haisemi kitu mpaka itajwe ni sehemu ya mia ya nini. Unguja ilibaki na rupia yake mpaka mwaka 1936, ilipoingia kwenye shilingi kwa kiwango cha shilingi moja na nusu kwa rupia.

Fedha ilifundisha mengi, lakini pia ilificha jambo. Katika Afrika Mashariki bei ziliandikwa kwa mkwaju: 2/50 ni shilingi mbili na senti hamsini, na 500/= ni shilingi mia tano kamili, mtindo ambao bado uko kwenye risiti na vibao vya maduka. Mkwaju huo ulitoka kwenye hesabu za Kiingereza za shilingi na peni. Tazama mwanafunzi anavyokutana nao: ukutani dukani 2/50 ni shilingi mbili na nusu, katika daftari la sehemu, 2/50 ni mbili ya hamsini, yaani 0.04. Na hata ikiandikwa kwa nukta, 2.50, bei husomwa kama hesabu mbili zilizopangwa bega kwa bega, shilingi mbili na senti hamsini, si namba moja iliyo kati ya mbili na tatu.

Kosa linalotokana na hapo kila mwalimu wa darasa la tano amelisahihisha. Mwanafunzi huulizwa ipi kubwa, 3.25 au 3.5, naye huchagua 3.25 kwa kuwa ishirini na tano ni kubwa kuliko tano. Kwa mantiki ya senti hajakosea. Amehesabu senti 25 na senti 5. Alichokosa ni kwamba ile 5 imekaa katika nafasi ya sehemu za kumi, na sehemu za mia zikiwa kumi hufanya sehemu moja ya kumi, hivyo 3.5 ni sawa na 3.50. Usomaji unachangia. Anayesema tatu nukta ishirini na tano anaifanya 25 kuwa namba nzima. Anayesema tatu nukta mbili tano anaiacha kila tarakimu mahali pake. Walimu wanaosisitiza usomaji huo wa pili hawasumbui watoto bure.

Dawa bora ilikuja na mita. Miaka ya 1960 ilipokuwa ikielekea ukingoni, Kenya, Uganda na Tanzania zilianza kuacha wari, ratli na galoni na kuingia kwenye mita, kilo na lita. Wakati huo huo, mwaka 1966, kila nchi ilianza kutoa fedha yake: Tanzania senti 5, 20 na 50, Kenya senti 5, 10, 25 na 50. Kwa miaka michache mtoto alikuwa na vyote viwili, senti mfukoni na rula ya mita darasani, na rula ina jambo ambalo sarafu haina. Juu yake 1.5 na 1.50 ni alama moja, na 1.25 iko wazi kabla yake. Zaidi ya hayo, rula haiishii kwenye sehemu za mia. Milimita ni sehemu ya elfu ya mita, na moja ya nane ya mita inapata makao yake kwenye milimita 125.

Senti zimekwisha. Kupanda kwa bei kumezifuta mikononi mwa watu, na mtoto anayeanza darasa la kwanza leo Dodoma au Kisumu huenda akamaliza shule bila kuwahi kulipa sehemu ya mia ya shilingi. Hiyo ni hasara ya kweli kwa Hisabati, maana desimali zimerudi kuwa alama ubaoni. Vitu vya kuziba pengo vipo: pampu ya mafuta inayoonyesha lita kwa nafasi mbili, kipimajoto cha zahanati kinachoandika 37.5, mizani ya kidijitali ya duka la nafaka. Mteja akiagiza robo ya maharage, mizani hujibu 0.250, na akiagiza nusu robo ya sukari hujibu 0.125. Mwalimu aliye jirani na duka kama hilo ana somo zima mbele yake, pamoja na swali zuri kwa darasa: ile sifuri ya mwisho katika 0.250 inaongeza kitu gani?

Kuna eneo moja ambalo desimali haijaliteka, nalo ni mirathi. Qurani imetaja mafungu sita: nusu, robo, thumuni, theluthi mbili, theluthi na sudusi, yaani moja ya sita. Al-Khwarizmi wa Baghdad, katika karne ya 9, alitenga sehemu kubwa ya kitabu chake cha aljebra kwa masuala ya wasia na urithi, na fani hiyo ikasomwa kwa karne nyingi katika darsa za pwani. Mwanamume akifa akaacha mke, mama, baba na mwana wa kiume, mke ana moja ya nane, mama sudusi, baba sudusi, na mwana huchukua kinachobaki. Asili inayozikusanya sehemu hizo ni 24: mke 3, mama 4, baba 4, mwana 13. Mali ya rupia 2,400 ingegawika 300, 400, 400 na 1,300, bila baki. Ukijaribu kwa desimali, sudusi inakuwa 0.1666 isiyokwisha, na popote utakapoikata kuna mrithi atakayepungukiwa.

Suala gumu zaidi linahusishwa na Khalifa Ali bin Abi Talib, ambaye inasimuliwa kwamba aliulizwa akiwa juu ya mimbari akalijibu papo hapo. Mtu ameacha mke, mabinti wawili na wazazi wake wawili. Mke 3 kati ya 24, mabinti theluthi mbili ambayo ni 16, baba 4, mama 4. Jumla ni 27. Mafungu yameizidi mali. Njia iitwayo auli, inayokubaliwa na madhehebu ya Shafi ambayo Waislamu wengi wa pwani huyafuata, huikuza asili yenyewe kutoka 24 hadi 27, ili kila mmoja apungue kwa uwiano ulio sawa. Thumuni ya mke inakuwa 3 kati ya 27, yaani moja ya tisa. Kikokotoo kitaandika 0.1111 mpaka kioo kijae. Mgawaji anayeijua kazi yake huiacha 27 isimame, akaigawa mali kwayo mara moja, kisha akazidisha. Kwenye shamba la minazi 54, kila fungu ni minazi miwili: mke minazi 6, kila binti 16, baba 8 na mama 8.